Nyumba ya betri: shajara ya sola ya kwa mama, Pangani

Shamba la mama lipo Pangani, kusini mwa mto, kama nusu saa kwa bodaboda kutoka nguzo ya mwisho ya umeme. Mimi ni mwalimu, nakaa Tanga mjini na kufika huko Jumamosi na Jumapili. Si fundi umeme. Nilichojifunza nimekilipia, na ndiyo sababu naandika na bei.

Mfumo ni mdogo: paneli 4 za wati 150, betri 2 za N200 (saizi ya betri za lori) zilizofungwa sambamba kwa volti 12, kontrola ya ampea 40 (inayoongoza chaji kutoka paneli kwenda betri) na inveta ya wati 1,000 (inayogeuza umeme wa betri kuwa kama wa ukutani). Unawasha taa saba, televisheni, feni moja, na friji dogo ambalo ndilo roho ya yote, maana mama anauza barafu na juisi ya ukwaju. Habari za paneli sitazieleza hapa. Mafundi wa kuzifunga wapo kila kona. Hapa ni betri tu: zikae wapi, ndani ya nini, zipumue vipi. Za mama zipo kwenye makazi yao ya tatu sasa.

20 Mei 2023. Betri mbili, miezi kumi na minne

Mama alipiga simu jana saa mbili usiku. "Mwanangu, taa zimezimika na isha sijaiswali." Leo nimefika na mita ya kupimia volti.

Betri nilizinunua Machi 2022, shilingi 500,000 kila moja. Nimezichomoa kila kitu, nikaziacha zipumzike mchana kutwa. Jioni zinasoma volti 11.7. Betri nzima iliyojaa na kupumzika inatakiwa isome kama 12.7. Nikaazima haidromita kwa fundi wa magari (ile bomba ya kioo yenye kielea ndani, ya kupimia uzito wa asidi): seli nyingi, yaani vyumba vya ndani vya betri, ziko 1.10 hadi 1.14, moja 1.05. Zilizojaa zinakuwa kwenye 1.26 au 1.27. Nilipochungulia kwenye matundu, bamba za risasi zilikuwa juu ya maji. Zimekauka kama mto wa kiangazi.

Kwa muda wa nusu saa nilikuwa na hakika kwamba muuzaji amenipa feki, nikampigia na kumwambia maneno ambayo baadaye nimeyaombea radhi. Kisha nikaingia stoo kuzitoa, jasho likanimiminika. Stoo ina dirisha dogo, bati tupu bila dari, na ukuta wake unatazama magharibi. Nikatundika kipimajoto pembeni ya betri: saa kumi alasiri, nyuzi 41. Miezi kumi na minne nimezifungia kwenye oveni.

Kanuni ya mafundi ni kwamba betri ya asidi, kila nyuzi 10 zinazozidi 25, umri wake unapungua kwa nusu. Halafu kontrola yangu ya kwanza, ya bei rahisi, haikuwa na kipima joto. Ilikuwa inasukuma volti 14.4 siku zote, baridi au joto. Betri ya volti 12 inataka volti hiyo ishushwe kama 0.024 kwa kila nyuzi moja juu ya 25. Kwa nyuzi 40 ilipaswa kuwa karibu 14.0. Kwa hiyo kila mchana ilikuwa inazichemsha, maji yanaondoka kama mvuke na gesi, na hakuna aliyefungua vifuniko kuangalia.

Nikapiga hesabu: milioni moja gawanya kwa miezi 14 ni kama 71,000 kwa mwezi. Ningeweza kununua mafuta ya jenereta.

Mizoga nimemuuzia mnunuzi wa skrepa kwa 110,000 zote mbili. Alitaka kumwaga asidi kwanza kwenye shina la mnazi ili apunguze uzito wa kubeba. Nilikataa. Asidi ile ina risasi ndani, na kisima cha mama kiko hatua thelathini. Watu wa Owino Uhuru kule Mombasa, waliopakana na kiwanda cha kuyeyusha betri, ilibidi waende mahakamani kwa sababu ya risasi iliyoingia miilini mwa watoto wao. Mwaka 2020 mahakama iliamuru walipwe shilingi bilioni 1.3 za Kenya. Sitaki mnazi wangu uanze kesi.

18 Juni 2023. Sanduku la mbao

Betri mpya: N200 mbili, 520,000 kila moja. Najua N200 kwa asili ni betri ya lori, ya kupiga stata, si ya kutumika taratibu usiku kucha. Betri halisi za sola zilinishinda bei. Kwa hiyo nimeamua zisishushwe chini ya nusu, yaani zikipumzika zisipungue kama volti 12.2, na zikae mahali pa baridi.

Nimechagua kuzitoa nje, kwenye ukuta wa kusini. Nilisoma mahali kwamba huku kusini mwa ikweta ukuta wa kusini haupigwi na jua. Nikaenda kuangalia saa sita mchana, kweli, kivuli kitupu. Nikaridhika.

Fundi seremala alitengeneza sanduku la mbao za paini, urefu sentimita 75, upana 70, kina 50, lenye mfuniko wa mteremko uliopigwa bati. Gharama: mbao 58,000, bawaba na komeo 9,000, skrubu 6,000, rangi 14,000, ufundi 30,000. Jumla 117,000. Kontrola nayo nikaifunga humo ndani, ili watoto wa dada wasiichezee, na sanduku zima nikaliziba vizuri kuzuia vumbi. Matundu nikatoboa manne, chini.

Mama alitoka, akalizunguka mara moja, akauliza: "Sasa hili jeneza la nani?"

5 Agosto 2023. Gesi

Kontrola imeanza kuonyesha mambo ya ajabu. Inasoma volti 13.1 wakati mita inasoma 12.5. Nilipoifungua, skrubu za kushikia waya zimeota unga wa kijani, na ubao wa ndani una madoa meupe. Imeliwa. Hata miezi miwili haijafika.

Kosa ni langu na ni kubwa kuliko kuharibu kontrola. Betri hizi za kuongeza maji zinapokaribia kujaa hutoa haidrojeni na oksijeni, na pamoja nazo ukungu mwembamba wa asidi. Ukungu ndio ulioila kontrola. Haidrojeni ni nyepesi, inapanda juu. Mimi nimetoboa chini na kuziba juu. Ikifika asilimia 4 ya hewa inaweza kuwaka, na humo humo ndani nimeweka kifaa chenye swichi. Nimekaa kwenye gogo nikilitazama lile sanduku kwa muda mrefu.

Nilichofanya siku hiyo hiyo: kontrola nje, ndani ya nyumba. Juu kabisa ya sanduku, pande mbili chini ya mfuniko, nimekata nafasi za urefu wa kiganja na kuzipiga wavu. Matundu ya chini nimeyaacha upande mmoja tu, wa mbele, ili hewa iingie chini upande huu na itoke juu upande ule. Nimejaribu kwa moshi wa udi aliokuwa nao mama, betri zikiwa zimetolewa nje: moshi ukiingizwa chini unatoka juu baada ya sekunde chache. Udi wenyewe ulikuwa mzuri, mama akanuna kwamba naupoteza.

Kontrola mpya, yenye waya wa kupimia joto: 95,000.

14 Oktoba 2023. Spana, panya, na maji ya kisima

Miezi miwili bila habari, kisha mambo matatu kwa wikiendi moja.

La kwanza, spana. Nilikuwa nakaza kichwa cha chanya kwa spana namba 13. Ikateleza, ikaangukia kichwa cha hasi cha betri ya pili. Kulitokea mlio kama wa fataki na mwanga wa buluu, spana ikarushwa, na pale ilipogusa pamekatwa kipande cha ukubwa wa punje ya mchele. Betri ya namna hii inaweza kutoa maelfu ya ampea kwa muda mfupi. Volti 12 hazikurushi kama umeme wa ukutani, kwa hiyo mtu anazidharau. Pete ya ndoa nilikuwa nimeivaa. Tangu siku hiyo inabaki mezani kwa mama, na spana nimeivisha nailoni tepu nyeusi mkono mzima, imebaki midomo tu. Pia unaanza kufungua hasi, na unamaliza kufunga hasi.

La pili, panya. Waya wa chanya wa kwenda kwenye inveta umetafunwa pale unapotoka kwenye sanduku, shaba inaonekana kama kidole. Haukugusa kitu, ni bahati tu. Ndipo nikagundua fyuzi yangu iko upande wa inveta. Fyuzi inalinda waya ulio baada yake, ukihesabu kutoka betri. Waya wote kutoka betri hadi hapo haukuwa na ulinzi, na huo ndio panya aliouchagua. Ungegusana na hasi, waya ungewaka kama koili ya jiko na sanduku la mbao lingekuwa kuni. Fyuzi mpya ya bapa, ampea 125, pamoja na kishikio chake, 25,000. Imehamia karibu na betri kadiri ilivyowezekana, lakini nje ya sanduku, maana fyuzi ikikatika hutoa cheche. Kipande kifupi kilichobaki kati ya betri na fyuzi nimekivisha bomba gumu.

La tatu limeniuma zaidi. Kijana anayemsaidia mama aliona seli moja imepungua, akaijaza kwa maji ya kisima. Hakufanya kwa ubaya, alikuwa ameambiwa "betri zisikaukiwe na maji." Kisima cha pwani kina chumvi, na chumvi ikiingia kwenye seli haitoki. Ni seli ya tatu ya betri ya pili. Nimeitia alama kwa rangi nyekundu.

Lawama nyingine iko kwenye lugha yetu. Dukani ukisema "maji ya betri" unaweza kupewa asidi au maji yaliyosafishwa, chupa zinafanana. Asidi haiongezwi, ila kama ilimwagika. Kinachopungua siku zote ni maji. Nimenunua dumu la lita 5 la maji safi ya betri, nikaandika kwa maka: HAYA TU. Na nimemwonyesha: bamba zifunikwe kwanza kama ziko wazi, chaji hadi ijae, ndipo ujaze hadi kwenye alama. Ukijaza mpaka juu kabla ya chaji, maji yanapanda yakichajiwa na kufurikia nje na asidi yake.

6 Januari 2024. Jua limehama

Kijana alinipigia wiki iliyopita: "Mjomba, sanduku linachoma." Nikafikiri anatia chumvi. Leo nimegusa mfuniko saa nane mchana, nikatoa mkono haraka. Ndani, juu ya betri: nyuzi 43. Kipimajoto kilichobandikwa ubavuni mwa betri yenyewe: 38. Mwezi Julai pale pale kilisoma 29.

Kivuli changu kimekwenda wapi? Jibu ni aibu kwa mwalimu aliyewahi kufundisha jiografia. Pangani iko nyuzi 5 na kidogo tu kusini mwa ikweta. Mwanzoni mwa Oktoba jua linavuka utosi wetu kwenda kusini, na halirudi hadi mwanzoni mwa Machi. Kwa miezi mitano ukuta wa kusini ndio unaopigwa, tena ndiyo miezi ya kaskazi, ya joto kali. Niliyoyasoma ni ya kweli kwa mtu wa Johannesburg, ambaye jua lake la saa sita mchana liko kaskazini mwaka mzima. Mimi nilikwenda kuhakiki Juni, nikaona kivuli cha Juni.

Nilipoinua sanduku kulisogeza, sakafu yake ikabaki chini. Mchwa. Wamekula paini yote kutoka chini, wakaacha ganda la rangi. Betri mbili, zaidi ya kilo mia moja, zilikuwa zimesimama juu ya karatasi. 117,000 zimekwisha.

Kwa sasa betri ziko kwenye baraza, kwenye kivuli, juu ya matofali. Mama anasema baraza lake limegeuka gereji.

10 Februari 2024. Mahali

Wazo la kwanza: chini ya mwembe, mita 6 kutoka inveta ilipo. Kivuli cha kudumu, upepo wa bahari. Safari hii nilijaribu kabla ya kujenga. Nilibeba betri hadi pale, nikavuta waya wangu wa milimita 16 mraba. Friji lilipoanza, TV na feni vikiwa vinaendelea, inveta ikaanza kulia. Kwenye betri mita inasoma 12.3, kwenye inveta 11.5. Karibu volti 0.8 imepotelea njiani, kwenye mita 12 za shaba kwenda na kurudi. Kwenye volti 12 umbali ni adui. Waya mnene wa kutosha kwa mwembe ule ungekuwa na bei ya betri.

Mwembe umekufa kama wazo. (Minazi haikuingia hata kwenye mjadala. Nani anaweka betri chini ya nazi?)

Tumeamua ukuta wa mashariki. Unapata jua la asubuhi tu, kabla hewa haijapata moto, na paa linaweza kulizuia. Nyuma yake ni chumba cha wageni. Inveta itahamia humo, na waya utapita ukutani, mita 1 na nusu tu. Wageni watavumilia mlio wa inveta. Waya mpya wa milimita 35 mraba, mita 4 kwa 18,000 ni 72,000, na lagi 8 za shaba (vile vichwa vya kubana mwisho wa waya) 20,000.

2 Machi 2024. Kibanda

Mwashi amemaliza kwa siku mbili. Ndani ni sentimita 90 kwa 80, kimo mita 1, kuta tatu za tofali za bloku na ya nne ni nyumba yenyewe. Kazi za kawaida sizielezi. Yaliyotupa shida ni haya.

Sakafu. Kuna imani kwamba betri ikiwekwa kwenye saruji inanyonywa chaji. Ilikuwa na msingi zamani, zama za betri zenye masanduku ya mbao na mpira. Ya plastiki hainyonywi kitu. Tatizo la saruji ni jingine: asidi inaila. Tulipasua pipa la plastiki la buluu kwa urefu, tukapata mabeseni mawili, kila betri na lake. Ndani ya beseni vipande viwili vya mbao ngumu, betri ikae juu yake, hewa ipite chini. Kati ya betri na betri kuna sentimita 3, kati ya betri na ukuta 15. Pembeni kuna kopo la magadi na ndoo ya maji; magadi yakimwagiwa juu ya asidi yanachemka povu, ukiongeza mengine na povu halitoki tena, asidi imekwisha nguvu.

Paa. Mwashi alitaka bati. Mimi nilitaka makuti, maana hakuna anayebishana na makuti kwenye joto. Shemeji, ambaye hasemi sana, aliuliza: "Na cheche ikiruka?" Alikuwa na haki. Kwa hiyo bati liko chini, limeinamia nje, na juu yake makuti kwenye fremu ya boriti, nafasi ya kiganja kimoja kati yao. Jua linaishia kwenye makuti, upepo unapita katikati, na chini ya bati hakuna kinachowaka. Makuti yamerefushwa mbele kama ukumbi mdogo kuzuia jua la asubuhi.

Hewa. Tundu refu la chini kwenye mlango, na la juu nyuma kabisa chini ya bati, mahali palipo juu kuliko pote. Yote yana wavu wa chuma wenye matundu madogo, kwa sababu ya panya. Tundu la waya kwenye ukuta wa nyumba limezibwa kwa silikoni, gesi isiingie kwa wageni. Fyuzi iko upande wa ndani wa ukuta, sentimita 40 kutoka kichwa cha betri.

Mlango ni mbao zilizosalimika kutoka kwenye jeneza.

Gharama: tofali 30 kwa 1,400, 42,000, saruji mifuko miwili 34,000, mchanga 15,000, bati 27,000, makuti 14,000, boriti 12,000, wavu 10,000, pipa 25,000, mwashi 50,000. Jumla 229,000.

Leo saa tisa alasiri nje kivulini ni 33, ubavuni mwa betri ni 31. Nimeipiga picha hiyo namba.

11 Mei 2024. Masika, na betri zisizojaa

Mvua ya mwaka huu haikuwa ya mchezo. Kimbunga Hidaya kilipotangazwa mwanzoni mwa mwezi tulifunga paa la kibanda kwa waya wa kubana hadi kwenye boriti za nyumba. Hakikutugusa sana, makuti matatu tu. Maji yaliingia kidogo kwa tundu la mlango, nimeongeza kizingiti cha sentimita 5.

Hewa ya chumvi imefanya kazi yake: vichwa vya betri vimeota kijani tena. Dawa ni maji ya moto yenye magadi, brashi ya meno, kukausha, kukaza, kisha kupaka vaselini *baada* ya kukaza. Mara ya kwanza nilipaka kabla, kati ya lagi na kichwa, na pale pakawa panapata moto.

Ila kilichonisumbua wiki tatu ni kingine. Haidromita haipandi juu ya 1.23, hata siku ya jua kali, na kontrola inaandika "imejaa". Nikakagua waya, nikakaza kila kitu, nikailaumu seli nyekundu. Jana usiku ndiyo ikanijia: kile kipima joto cha kontrola bado kinaning'inia chumba cha wageni, pembeni ya inveta inayotoa joto. Huko ni nyuzi 38. Betri ziko 30. Kontrola inadhani betri zina joto la 38, inashusha volti kwa karibu 0.2, na betri zinalala na njaa kila siku. Niliziokoa na kuchemshwa, nikaziponza kwa njaa.

Nimeunga waya mwembamba wa simu, mita 2, nikakibandika kipima joto ubavuni mwa betri, katikati ya kimo chake, kwa tepu na kipande cha sponji juu yake. Bure.

7 Septemba 2024

Seli kumi na moja ziko kati ya 1.25 na 1.265. Seli nyekundu 1.22. Kila mwezi mara moja nazipa chaji ya kusawazisha, volti 15 na kidogo kwa saa mbili, mlango wazi, asubuhi kabla ya joto, na hakuna anayevuta sigara upande huo wa nyumba. Seli nyekundu inachemka kuliko wenzake na haipandi.

Maji: stoo sikuwahi kupima. Kwenye sanduku, Desemba, zilikunywa karibu lita 2 kwa mwezi. Sasa ni nusu lita na kidogo. Dumu la lita 5 halijaisha tangu Machi.

Sisimizi wamejenga ndani ya kishikio cha fyuzi. Nimefagia, nimepaka grisi kwenye bomba wanalopandia.

9 Februari 2025

Betri zina miezi ishirini. Za kwanza muda kama huu zilikuwa zimekwisha kuwa skrepa kwa miezi sita.

Hesabu yote bila betri: sanduku 117,000, kontrola 95,000, kibanda 229,000, fyuzi, waya na lagi 117,000, haidromita yangu mwenyewe 12,000, kipimajoto 8,000. Jumla 578,000. Anayeanza leo aondoe sanduku langu. Aondoe na kontrola, kama anayo yenye kipima joto na haifungii pamoja na betri.

Jirani amenunua betri ya lithiamu na ananicheka kwa haidromita. Haina maji, haitoi gesi ikichajiwa kawaida, anaiweka sebuleni. Nimemwambia joto nayo hailipendi, asiipandishe darini chini ya bati. Amesema ndiko alikokuwa anataka kuipandisha.

Leo nimekuta betri ziko 33, nyuzi mbili juu ya zile za Machi 2024, na nje hakuna joto la ajabu. Nikatafuta. Kuku wa mama ametengeneza kiota mbele ya mlango wa kibanda, chini ya ule ukumbi wa makuti, ameegemea tundu la chini, na wavu umejaa manyoya na majani makavu. Nikainama kumhamisha.

"Muache," mama akasema kutoka barazani. "Anaatamia. Betri zako zilikaa kwenye jeneza zikatoka, hazitashindwa na kuku."

Alianza tarehe 6, vifaranga watatoka kama tarehe 27. Nimetoboa tundu jingine, upande wa kaskazini wa kibanda, juu kidogo ya sakafu, nikalipiga wavu. Jioni kipimajoto kimeshuka hadi 32.